Émile Reynaud, Mtu Aliyezipa Picha Uhai

Leo twataka kueleza habari za Mfaransa mmoja ambaye wengi hawalijui jina lake, ingawa kazi aliyoianza yaonekana kila mahali panapoonyeshwa picha za kuchorwa zinazokwenda. Jina lake ni Émile Reynaud. Mtu huyu alichora picha kwa mkono wake, akaziweka mbele ya watu juu ya pazia jeupe, nazo zikatembea, zikaimbiana, zikapigana na kukimbia. Mambo hayo aliyafanya mwaka wa 1892, miaka mitatu kabla ya sinema ya ndugu wawili Lumière kuonyeshwa kwa malipo katika mji ule ule wa Paris. Tena tutaeleza jinsi alivyokuja kuivunja kazi yake kwa mikono ile ile iliyoitengeneza. Habari hii ina huzuni, lakini ina mafunzo pia kwa kila mtu afanyaye kazi ya mikono au ya akili.

Kwanza yafaa tulifahamu jambo lenyewe. Picha iliyochorwa haina uhai, wala haiwezi kuinua hata kidole. Basi yawezaje kwenda? Kila mtoto wa shamba amepata kushika kijinga cha moto usiku na kukizungusha upesi. Kijinga ni kimoja, na kila nukta ya wakati kipo mahali pamoja tu. Walakini mtazamaji huona duara zima la moto. Sababu yake ni kwamba jicho haliachi mara moja kile lilichokiona. Na akili nayo ina desturi yake: ikionyeshwa picha nyingi, kila moja ikitofautiana kidogo tu na ile iliyotangulia, nazo zikapita upesi, huziunga zote zikawa mwendo mmoja. Mwanafunzi asiyesadiki na achukue daftari kuukuu, achore mtu katika pembe ya kila ukurasa, na kila mara auinue mkono wa mtu yule kidogo kuliko kwanza. Kisha azifyatue kurasa zile upesi kwa kidole gumba. Atamwona mtu wake akipunga mkono.

Wataalamu wa Ulaya walikwisha kulitambua jambo hili kabla Reynaud hajazaliwa. Mnamo mwaka wa 1832 Joseph Plateau wa Ubelgiji alitengeneza sahani ya karatasi ngumu iliyochorwa picha kuizunguka, nayo ina nyufa pembeni. Mtu aliizungusha sahani mbele ya kioo, akachungulia katika nyufa, akaona picha zikicheza. Baadaye wengine wakatengeneza mkebe wenye nyufa, unaozunguka, na picha zimewekwa ndani yake. Vitu hivyo vilipendeza, lakini vilikuwa na ila moja kubwa: nyufa zilizuia mwanga, hata picha zikaonekana kwa giza na kwa kukatikakatika. Ila hiyo ndiyo iliyomsumbua Reynaud.

Alizaliwa tarehe 8 Desemba 1844 katika mji wa Montreuil, karibu na Paris. Baba yake alikuwa fundi wa mitambo na mchongaji wa nishani. Mama yake alipata kuwa mwalimu, tena alijua sana kuchora kwa rangi za maji. Wazee hao walimfundisha mtoto wao nyumbani: kwa baba alijifunza kushika patasi na tupa, na kwa mama alijifunza kushika kalamu na burashi. Alipokuwa kijana aliingia katika karakana ya vyombo vya elimu mjini Paris, mahali ambapo kosa dogo kama unywele huharibu kazi ya siku nyingi. Kisha alifanya kazi kwa mpiga picha, akazitengeneza picha zilizotoka na mawaa. Baada ya hapo akawa msaidizi wa padre mmoja mwenye elimu kubwa, Abbé Moigno, aliyekuwa akiwafundisha watu wa mji mambo ya sayansi kwa kuwaonyesha picha za taa. Taa hiyo ilikuwa sanduku lenye mwanga ndani na kioo cha kukuza mbele; picha ndogo iliyochorwa juu ya kipande cha kioo ilitupwa ukutani ikawa kubwa.

Mtaona, basi, kwamba ujuzi wake haukushuka siku moja kama mvua. Alijifunza chuma, akajifunza picha, akajifunza taa, na kila kimoja alikipata mahali pake na kwa wakati wake. Haba na haba hujaza kibaba.

Baadaye Reynaud alikaa katika mji wa Le Puy, asili ya upande wa baba yake, naye akawa akitoa mafunzo ya sayansi mbele ya watu kwa picha za taa. Huko ndiko alikobuni chombo chake cha kwanza, na tarehe 30 Agosti 1877 alipata hati ya serikali ya kuulinda uvumbuzi wake. Chombo hicho alikiita praksinoskopu. Kilikuwa mkebe wa mviringo usio na nyufa, na ndani yake uliwekwa ukanda wa karatasi wenye picha 12. Katikati ya mkebe palisimama vioo 12, vimepangwa kuzunguka kama kuta za nyumba yenye pande kumi na mbili. Kila picha ilielekeana na kioo chake. Vioo vile viliwekwa nusu ya njia kati ya picha na kitovu cha mkebe, na kwa hiyo kila picha ilionekana ndani ya kioo kana kwamba imesimama pale pale kitovuni. Mkebe ulipozunguka, picha moja ilipokea nafasi ya nyingine bila giza kuingia kati. Mtazamaji aliona rangi zote kwa mwanga kamili, na mwendo ulikuwa laini kama maji.

Chombo hicho kilipata sifa katika Maonyesho Makubwa ya Paris ya mwaka wa 1878. Reynaud akahamia Paris, akafungua karakana yake, akawa akikitengeneza na kukiuza kuwa kitu cha kuchezea nyumbani. Watu walikinunua, naye akapata riziki. Wengi wangeridhika hapo.

Lakini yeye hakuridhika, na sababu yake yafaa kuangaliwa. Picha 12 zatosha kumwonyesha mtoto akiruka kamba, au farasi akikimbia. Ila mtoto yule huruka mruko ule ule tangu asubuhi hata jioni. Hapana mwanzo wala mwisho. Hapana mtu ajaye, wala aondokaye, wala neno litokealo. Katika mkebe mlikuwa na mwendo, lakini hamkuwa na hadithi. Reynaud alitaka kusimulia hadithi. Mwaka wa 1879 alikitia chombo chake ndani ya kisanduku mfano wa jukwaa dogo, ili wale watu wa picha waonekane wakicheza mbele ya mandhari. Mwaka wa 1880 alikiunganisha na taa, na picha zikatupwa ukutani. Hata hivyo bado zilikuwa 12 tu.

Alifikiri kwa miaka, na jawabu lake likawa jepesi kulitaja ingawa lilikuwa gumu kulifanya: picha zitoke ndani ya mkebe, zifungwe katika ukanda mrefu usio na mpaka, ukanda huo ufunuliwe kutoka gurudumu moja na kukunjwa katika jingine. Tarehe 1 Desemba 1888 alipata hati ya uvumbuzi huo. Picha zilichorwa juu ya vipande vya miraba vya jelatini, kitu kinachopitisha mwanga mfano wa kioo lakini hakivunjiki. Kila kipande kilitiwa katika fremu yake, na fremu zote zikaungwa. Kati ya picha na picha palikuwa na tundu, na gurudumu lilikuwa na vijino vilivyoingia katika matundu yale na kuuvuta ukanda. Kwa njia hiyo kila picha ilifika mahali pake barabara, wala haikuteleza. Chombo kizima alikiita Théâtre Optique, maana yake ukumbi wa michezo ya macho.

Maonyesho yake yalikuwa hivi. Watu walikaa upande mmoja wa pazia, na Reynaud alisimama na chombo chake upande wa pili, wala hawakumwona. Palikuwa na taa mbili. Ya kwanza ilionyesha mandhari isiyokwenda: nyumba, ua, au ufuo wa bahari. Ya pili iliwaonyesha watu wa hadithi, ambao kila mmoja alichorwa kwa rangi nzuri na kuzungushiwa weusi mtupu, ili mwanga upite katika mwili wake tu. Hivyo mtu wa picha alionekana akitembea ndani ya mandhari ile. Reynaud mwenyewe aliuzungusha ukanda kwa mkono, mbele na nyuma. Alipotaka mtu wa picha asite na kufikiri, alisimamisha mkono. Alipotaka arudie kuchungulia mlangoni, alirudisha ukanda. Ndiyo sababu picha 500, ambazo zingekwisha kwa kitambo kidogo, aliweza kuzionyesha kwa zaidi ya dakika kumi. Alikuwa kama msimuliaji wetu wa hadithi za jioni, ambaye huona watoto wanacheka akairudia sauti ya fisi, huona wanaogopa akanyamaza kidogo.

Mjini Paris iko nyumba ya sanamu za nta iitwayo Musée Grévin, iliyofunguliwa mwaka wa 1882. Wenye nyumba hiyo walifanya mkataba na Reynaud, na tarehe 28 Oktoba 1892 maonyesho yakaanza. Siku ile zilionyeshwa hadithi tatu: moja ya glasi ya bia, yenye picha 700, moja ya mchekeshaji na mbwa wake, yenye picha 300, na moja iitwayo Pauvre Pierrot, yaani Maskini Pierrot, yenye picha 500 katika ukanda wa mita 36. Jumla ni picha 1,500, na zote zilitoka katika mkono wa mtu mmoja. Gaston Paulin alitunga muziki kwa ajili ya michezo hiyo, akaupiga kwa piano.

Hadithi ya Pierrot ni fupi. Usiku, katika ua wa nyumba, kijana Arlequin amekuja kumwona msichana Colombine. Mara aja Pierrot naye, amechukua shada la maua, kwa kuwa naye ampenda msichana yule yule. Arlequin ajificha. Pierrot aanza kupiga gitaa na kuimba chini ya dirisha, na Arlequin amjia kwa siri, ampiga kwa fimbo. Maskini Pierrot ageuka, haoni mtu. Ashikwa na hofu, na mwisho akimbia. Watu walicheka, tena walimwonea huruma. Na hilo ndilo la ajabu: walimwonea huruma mtu wa rangi na jelatini, asiye na damu.

Kazi hiyo ilipendwa sana. Tangu mwaka wa 1892 hata mwaka wa 1900 yalifanyika maonyesho yapata 12,800, na watu wapatao 500,000 waliyatazama. Lakini tuutazame mkataba wenyewe. Reynaud alipewa faranga 500 kwa mwezi na sehemu moja katika kumi ya fedha za viingilio. Kwa malipo hayo ilimpasa kuonyesha mara kadhaa kila siku, na Jumapili na sikukuu zaidi; kuzitengeneza kanda zinapochakaa; na kuchora hadithi mpya. Tena hakuwa na ruhusa ya kukipeleka chombo chake mahali pengine. Mchana alizungusha ukanda, na usiku alishika burashi. Hadithi moja yahitaji picha mia tano au mia saba, na kila picha sharti ichorwe peke yake, itiwe rangi, izungushiwe weusi, na itofautiane na jirani yake kwa kiasi kile kinachotakiwa, si zaidi wala si pungufu. Ilikuwa kazi ya miezi mingi. Na ukanda uliomalizika ulikuwa mmoja tu duniani. Haukuwa na nakala. Kila siku uliyopitishwa katika magurudumu, uliliwa kidogo.

Mwaka wa 1894 alimaliza hadithi nyingine nzuri, Autour d'une cabine, yenye picha 636, inayoonyesha watu wakioga baharini. Ndege wa pwani waruka, waogaji wapiga mbizi, na mtu mmoja mwenye tabia mbaya achungulia kibanda cha kubadilishia nguo, naye apata adhabu yake. Mwishoni yapita mashua, na juu ya tanga lake pameandikwa kwamba maonyesho yamekwisha.

Tarehe 28 Desemba 1895, katika chumba cha chini cha Grand Café, si mbali na Musée Grévin, watu 33 walilipa faranga moja moja wakaingia kutazama kitu kipya. Auguste na Louis Lumière, wana wa mwenye kiwanda cha vifaa vya kupigia picha katika mji wa Lyon, walikuwa wametengeneza chombo kidogo cha mbao kilichopiga picha za watu halisi kwa mfululizo, kisha chombo hicho hicho kikazionyesha juu ya pazia. Watazamaji waliona wafanya kazi wakitoka kiwandani. Filamu yao moja ilikwisha kabla ya dakika moja kutimia. Haikuwa na rangi, wala hadithi kubwa. Lakini fikirini tofauti. Reynaud alichora miezi mingi apate dakika kumi na kitu. Lumière alizungusha mkono wa chombo chini ya dakika moja, na picha mia kadhaa zikaingia zenyewe ndani ya filamu. Tena filamu moja yaweza kutolewa nakala nyingi, moja ikapelekwa London, moja Bombay, na ile ya asili ikabaki sandukuni.

Reynaud hakuketi kulia. Alijaribu kutumia picha za kamera yeye mwenyewe. Mwaka wa 1896 alionyesha mchezo wa wachekeshaji wawili waliopendwa sana mjini Paris, Footit aliyekuwa Mwingereza, na Chocolat, mtu mweusi aliyezaliwa katika utumwa huko Cuba. Aliwapiga picha wakicheza, akazichagua zile zilizofaa, akazitengeneza na kuzitia rangi kwa mkono. Watu wakafurahi. Lakini hata njia hiyo ilikuwa ya polepole, na upande wa pili filamu mpya zilitoka kila juma. Mwaka wa 1900 maonyesho yake katika Musée Grévin yakakoma.

Tangu hapo mambo yake yalididimia. Mwaka wa 1902 alipata hati ya chombo kingine cha kuonyesha picha zinazokwenda zenye kina, kana kwamba mtu aweza kuzizunguka. Lakini hakupata mwenye fedha wa kumsaidia. Umaskini ukamjia. Baada ya mwaka wa 1910, katika siku za huzuni kubwa, alichukua nyundo akaivunja Théâtre Optique yake. Kisha akazichukua kanda zake, zile picha maelfu alizozichora moja moja usiku, akaenda nazo ukingoni mwa mto Seine, akazitupa majini. Tarehe 9 Januari 1918, vita kuu ya Ulaya haijaisha, alifariki dunia katika nyumba ya wagonjwa ya Ivry, na watu wachache tu ndio waliojua aliyekufa ni nani.

Katika kanda zote alizozionyesha, mbili zimesalia hata leo: ile ya Maskini Pierrot na ile ya waogaji wa pwani. Baadaye zilitengenezwa upya na kupigwa katika filamu, nasi twaweza kuzitazama. Mwaka wa 2002 chama cha kimataifa cha wachoraji wa filamu kiliichagua tarehe 28 Oktoba, siku ya maonyesho yale ya kwanza, iwe siku ya kuikumbuka kazi hiyo duniani kote. Na mwaka wa 2015 UNESCO iliyaandika maonyesho ya Reynaud katika orodha yake ya kumbukumbu za ulimwengu. Heshima hiyo ilimjia karibu miaka mia moja baada ya kufa.

Sasa tujiulize, je, Reynaud alishindwa kwa kuwa kazi ya mkono haifai kitu mbele ya mashine? Sisi twaona sivyo. Mwaka wa 1908 Mfaransa mwingine, Émile Cohl, alichora picha zapata 700, akazipiga moja moja kwa kamera katika filamu. Picha zake zikaenda, tena filamu yake ikatolewa nakala. Tangu hapo picha za kuchorwa zimeenea duniani, na watoto wa nchi zote wanazifurahia. Watu hawakuuchoka mkono wa mchoraji. Lililompungukia Reynaud lilikuwa nakala. Kazi yake ilikuwa moja tu, katika mji mmoja, ndani ya nyumba moja, chini ya mkataba uliomfunga. Mikono yake ilipochoka, kazi nayo ilichoka. Alipokata tamaa, hapakuwa na mwingine aliyeishika akaiokoa.

Mambo hayo yatuhusu sisi pia. Katika vijiji vyetu wako wazee wajuao hadithi, nyimbo, dawa za miti na habari za koo, na ujuzi huo umo katika kichwa kimoja tu. Iko michoro ya mafundi wa milango na wafinyanzi wa vyungu ambayo hakuna aliyeinakili. Wahenga walisema kwamba mali bila daftari hupotea bila habari. Basi wanafunzi wenye kalamu na waandike. Wenye mkono wa kuchora na wachore, kisha wampe mwenzao nakala aiweke mahali pengine. Na tukimwona fundi ambaye kazi yake imepitwa na wakati, ameketi peke yake na vyombo vyake, tumwendee, tukamwulize ameifanyaje kazi ile, nasi tuyaandike majibu yake angali hai.